Hesabu ya Makundi Yanayoingiliana na Maneno Yake: Sehemu ya Historia

Kuna namna ya swali la hesabu ambalo kila aliyepita shule ya sekondari katika Afrika ya Mashariki ameonja taabu yake. Watu kadhaa wameulizwa wapenda nini, au wana nini, au wasema lugha gani. Idadi ya kila kundi yatolewa. Na makundi yakijumlishwa yazidi idadi ya watu wenyewe. Mwanafunzi hutakiwa aeleze ni wangapi waliomo katika makundi yote, wangapi waliomo katika kundi moja tu, na wangapi wasiomo katika lolote. Wataalamu wa hesabu wamelifanya swali hili kuwa mali yao, nasi wataalamu wa lugha tumewaachia bila ya kuteta. Nia yangu katika makala haya ni kuonyesha kwamba historia ya swali hili ni yetu kwa nusu, na pengine zaidi ya nusu, kwa kuwa penye uzito si katika kujumlisha na kutoa, bali katika maneno mafupi ambayo huyapita bila ya kuyatazama: na, au, wala, tu.

Tuanze kwa mfano wa kubuni, ambao tutaurudia mara kwa mara. Mchunguzi wa lugha amewauliza watu 240 katika soko la Korogwe. Katika hao, 170 wasema Kiswahili, 90 wasema Kisambaa, na 60 wasema Kizigua. Wasemao Kiswahili na Kisambaa ni 50. Kiswahili na Kizigua ni 32. Kisambaa na Kizigua ni 14. Na wasemao lugha zote tatu ni 8. Je, ni wangapi wasiosema hata moja katika hizo?

Tukijumlisha 170 na 90 na 60 twapata 320, nao watu hawazidi 240. Si ajabu, kwa maana asemaye lugha mbili amehesabiwa mara mbili. Basi twatoa makundi ya wawiliwawili, yaani 50 na 32 na 14, ambayo jumla yake ni 96, zabaki 224. Lakini hapa mtu wa lugha tatu amedhulumiwa. Kwanza alihesabiwa mara tatu, mara moja katika kila lugha. Kisha akatolewa mara tatu, mara moja katika kila jozi. Kwa hiyo hayumo tena. Yatupasa kumrudisha mara moja, yaani tuongeze 8, tupate 232. Waliobaki nje ni 8. Hiyo ndiyo kanuni yote: jumlisha, toa, rudisha, na makundi yakiwa manne au zaidi, kutoa na kurudisha huendelea kwa zamu hadi mwisho.

Sasa tuusome mfano ule ule kwa jicho la pili. Niliposema kwamba wasemao Kiswahili na Kisambaa ni 50, nilikusudia nini? Je, wale 8 wa lugha tatu wamo katika hao 50, au wamewekwa mbali? Katika hesabu iliyopita tulichukua kwamba wamo. Lakini msomaji mwingine aweza kusema, tena kwa haki, kwamba waliokwisha kutajwa kuwa ni wa lugha tatu hawatajwi tena kuwa ni wa lugha mbili. Kwa usomaji huo wa pili, wa Kiswahili peke yake ni 80, wa Kisambaa peke yake 18, wa Kizigua peke yake 6. Ukiongeza jozi zote na wale 8 wapata 208, na waliobaki nje si 8 tena bali ni 32. Tofauti ni 24, yaani mara tatu ya wale wa lugha tatu, na haikosi kuwa hivyo, kwa kuwa kila mmoja wao amegombaniwa na jozi tatu. La kutisha ni kwamba hesabu zote mbili zasimama sawasawa. Hakuna namba iliyokuwa chini ya sifuri, hakuna kundi lililozidi lenzake. Hesabu haina neno la kusema hapa. Ni sarufi peke yake iwezayo kuamua.

Kanuni ya kutoa na kurudisha haikuzaliwa katika uchunguzi wa watu. Ilizaliwa penye meza ya kamari. Mfaransa Pierre Rémond de Montmort, katika kitabu chake juu ya michezo ya bahati kilichotoka mwaka 1708 na kutolewa tena kwa kuongezwa mwaka 1713, aliuliza swali la karata: karata 13 zimechanganywa, nazo zafunuliwa moja moja huku mtu akihesabu moja, mbili, tatu, je, kuna nafasi gani ya kuwa karata moja angalau itatokea kwa namba yake? Matukio hayo huingiliana, kwa sababu karata mbili au tatu zaweza kukutana na namba zao katika mchezo ule ule, na hapo ndipo kutoa na kurudisha kulipohitajika. Abraham de Moivre, Mfaransa aliyekimbilia Uingereza kwa ajili ya dini yake, aliieleza njia hiyo kwa upana katika kitabu chake cha mwaka 1718. Baadaye Mreno Daniel da Silva aliiandika mwaka 1854, na Mwingereza J. J. Sylvester mwaka 1883, na vitabu vingine huiita kwa majina yao, ijapokuwa wao si waanzilishi. Haya nayapitia upesi, maana wacheza kamari hawakuwa na shida ya maneno. Karata ama imekutana na namba yake ama haikukutana. Mtu hamwulizi karata ikajibu apendavyo muulizaji.

Shida ya maneno iliingia pamoja na wanamantiki wa Uingereza wa karne ya 19, na hapo ndipo nipendapo kukaa. Augustus De Morgan, aliyezaliwa Madurai katika Bara Hindi mwaka 1806 na kufundisha London, aliona upungufu katika mantiki ya Aristotle iliyokuwa ikisomeshwa kwa miaka zaidi ya elfu mbili. Mantiki hiyo yajua maneno matatu tu ya wingi: wote, baadhi, hapana hata mmoja. Lakini mtu akikuambia kwamba wengi wa wakazi wa mji, kwa maana ya zaidi ya nusu, wana mashamba, na zaidi ya nusu wana mashua, wewe wajua bila ya shaka kwamba yupo mwenye shamba na mashua pia. Ila Aristotle hana kanuni ya kukupeleka huko. Katika kitabu chake cha mwaka 1847 De Morgan alitia namba ndani ya hoja. Katika mfano wetu wa Korogwe, hata kama mchunguzi angalisahau kuuliza juu ya jozi, tungalijua kwamba wasemao Kiswahili na Kisambaa hawapungui 20. Kwa kuwa 170 na 90 ni 260, nao watu ni 240, na wale 20 waliozidi hawana pa kukaa ila juu ya wengine.

Mwaka ule ule wa 1847 George Boole alitoa kijitabu chake cha kwanza cha mantiki, na mwaka 1854, akiwa mwalimu huko Cork, Ireland, akatoa kitabu chake kikubwa juu ya sheria za fikira. Boole alitaka mantiki iandikwe kama aljebra. Kuzidisha kulisimama mahali pa na: x mara y ni wale walio x na y pamoja. Kujumlisha kulisimama mahali pa au. Lakini Boole aliweka sharti kwamba makundi mawili hayajumlishwi isipokuwa yametengana kabisa. Kwake yeye, alama ya kujumlisha baina ya makundi yenye watu wa pamoja haikuwa na maana mpaka kwanza wale wa pamoja watengwe.

William Stanley Jevons, ambaye wengi humjua kwa elimu ya uchumi, hakukubali. Katika kitabu cha mwaka 1864 alisema kwamba au ya watu haikatazi wawili kuwa kitu kimoja, na kwamba kundi likijumlishwa na nafsi yake labaki lile lile: A na A tena ni A. Wawili hao waliandikiana barua juu ya jambo hilo mwaka 1863, wala Boole hakusogea. Naye akafa mwaka 1864. Vizazi vilivyofuata vilimpa Jevons haki, na kila alama ya muungano wa seti katika vitabu vya leo ni ya Jevons kuliko ya Boole. Lakini mimi naona Boole naye alikuwa na haki yake. Alikuwa akifikiri kama mhesabu, na mhesabu hawezi kujumlisha makundi kabla hajajua kama yameingiliana. Jevons alikuwa akifikiri kama msemaji. Ugomvi wao haukuwa wa aljebra hata kidogo; ulikuwa ugomvi wa watu wawili juu ya maana ya kiunganishi katika lugha yao wenyewe, nao hawakuwa na mtaalamu wa lugha wa kuwaamua.

Kutoka kwa wanamantiki swali likafika kwa wasomaji wa kawaida. Charles Dodgson wa Oxford, mwenye jina la kalamu la Lewis Carroll, alitoa mwaka 1885 kitabu cha mafumbo ya hesabu yaliyofungwa ndani ya hadithi, na fumbo moja lahusu askari wazee waliojeruhiwa vitani. Katika kila mia, 70 wamepoteza jicho, 75 sikio, 80 mkono, na 85 mguu. Ni wangapi, kwa uchache, waliopoteza vyote vinne? Jibu lake ni zuri kwa wepesi wake. Majeraha yote ni 310. Ukimgawia kila askari majeraha matatu yatatumika 300. Yanayobaki ni 10, na kila moja ya hayo lazima limwangukie mtu ambaye tayari anayo matatu. Basi hawapungui 10 katika mia. Ni ile ile hoja ya De Morgan, ila imevuliwa joho. Nimewapa wanafunzi wa isimu fumbo hili mara nyingi, na wanaoshindwa huwa wamelipita neno moja tu: kwa uchache. Wao hutafuta idadi yenyewe, ambayo haikuulizwa wala haiwezi kujulikana.

Duara ambazo leo hazitengani na maswali haya zina nasaba nyingine. Leonhard Euler wa Basel alizitumia katika barua alizomwandikia binti mfalme mmoja wa Kijerumani baina ya mwaka 1760 na 1762, barua 234 kwa jumla, zilizoanza kuchapwa mwaka 1768. Duara za Euler huonyesha hali kama ilivyo: kundi likiwa lote ndani ya jingine, duara yake huwa ndani, yakiwa yametengana, nazo hutengana. John Venn wa Cambridge aligeuza mambo katika makala ya mwaka 1880 na kitabu cha mwaka uliofuata. Yeye huchora kwanza duara zote zikiingiliana, hata sehemu zote ziwezekanazo zipatikane, kisha ndipo huuliza ni sehemu gani iliyo tupu. Kwa makundi matatu sehemu ni 8, pamoja na ile ya nje. Faida yake kwa mhesabu ni kubwa, maana hutakiwa kuamua juu ya kila sehemu, asiweze kuruka hata moja kwa kunyamaza. Yeye mwenyewe aliziita duara za Euler; jina la Venn lilibandikwa na Mmarekani C. I. Lewis mwaka 1918. Jambo moja alilolipuuza Venn ni kuzungushia mpaka ile sehemu ya nje. Ni Lewis Carroll aliyeifungia ndani ya mraba, na mwalimu yeyote anayechora mstatili kuzunguka duara zake, ili wale wasiosema lugha yoyote wapate pa kukaa, amerithi hapo.

Uchunguzi wa watu kwa maana yetu ya leo ulipata vyombo vyake karibu na wakati huo. Sensa ya Marekani ya mwaka 1890 ilihesabiwa kwa mashine za umeme za Herman Hollerith, na kadi zake zilizotobolewa ziliweza kuhesabu kwa mara moja watu wenye sifa mbili au tatu kwa pamoja, kazi ambayo makarani wa kale waliifanya kwa kupanga karatasi upya na upya. Huko Uingereza G. Udny Yule aliandika mwaka 1900 juu ya uhusiano wa sifa, na katika kitabu chake cha mwaka 1911 akaweka kipimo ambacho kila mchunguzi angekijua: gawanya watu wako katika sehemu zote, na ikiwa sehemu moja imepata namba iliyo chini ya sifuri, basi takwimu zako haziwezi kuwa kweli. Mwenye sifa alimwandika kwa herufi kubwa za kawaida, na asiye nayo kwa herufi za Kiyunani. Kipimo hicho hukamata uwongo mwingi. Lakini msomaji aukumbuke mfano wetu: usomaji wote wawili ulipita kipimo hicho salama.

Katika Afrika ya Mashariki seti na duara zake zilifika darasani katika miaka ya 1960 pamoja na ile iliyoitwa hisabati mpya. Mkutano wa kazi uliofanywa Entebbe mwaka 1962, chini ya uongozi wa W. T. Martin wa chuo cha MIT huko Marekani, ulikusanya walimu wa nchi kadhaa za Afrika kuandika vitabu vya kiada, navyo vikajulikana kwa jina la mji huo. Vitabu viliandikwa kwa Kiingereza. Hisabati mpya kama mpango iliachwa baadaye, lakini seti zimebaki katika mitaala. Nchini Tanzania Kiswahili kilifanywa lugha ya kufundishia shule zote za msingi mwaka 1967, bali sekondari imebaki na Kiingereza, na ni huko sekondari mwanafunzi anakofundishwa duara za Venn. Hivyo yule anayesoma swali la makundi hulisoma katika lugha ambayo viunganishi vyake hajavizoea, kisha hulifikiri katika lugha ambayo viunganishi vyake havijaelezwa kwake.

Tuviangalie basi hivyo vya kwetu. Na ni ya Kibantu, nayo hubeba mzigo kuliko zote. Wasemaji wa Kisambaa na Kizigua ni akina nani? Katika tangazo la kuwaita watu mkutanoni, ni watu wa lugha hii pamoja na watu wa lugha ile, yaani muungano. Katika tangazo la kutafuta mkalimani, ni mtu mwenye lugha zote mbili, yaani wale wa pamoja tu. Maneno ni yale yale. Tukikariri kihusishi, tukasema wasemaji wa Kisambaa na wa Kizigua, twaelekea kwenye muungano. Tukisema wasemao Kisambaa na Kizigua pia, twaelekea kwa wale wa pamoja. Au imetoka katika Kiarabu, nayo katika taarifa haikatazi wawili kupatana. Katika swali, hata hivyo, humtaka mtu achague. Ukimwuliza mtu wa Korogwe, “Wasema Kisambaa au Kizigua?”, pengine atakujibu “Kisambaa” kwa adabu tu, maana ndivyo ulivyomwomba, na Kizigua chake kitapotea hapo hapo mlangoni. Mwingiliano uliopotea wakati wa kuuliza hakuna kanuni iwezayo kuurudisha.

Wala, nayo ya Kiarabu, ndiyo iliyo imara kupita zote. Asiyesema Kisambaa wala Kizigua yuko nje ya duara zote mbili, bila ya ubishi. Lakini asiyesema Kisambaa na Kizigua aweza kuwa ni yule asiyeziweza zote mbili kwa pamoja, ingawa moja aijua. Kanuni mbili zenye jina la De Morgan zahusu tofauti hiyo hasa, na Kiswahili chazipambanua kwa neno moja jepesi. Tu yahitaji uangalifu wa mahali: watu 50 tu wasema Kiswahili na Kisambaa ni habari ya uchache, watu 50 wasema Kiswahili na Kisambaa tu ni habari ya mpaka. Swali letu la mwanzo lingaliondokewa na mashaka yote kama mwandishi wake angaliongeza tu pale mwisho, au vinginevyo angaliandika wakiwamo wale wa lugha tatu.

Juu ya jina la ile sehemu ya pamoja, neno makutano halinipendezi sana. Makutano ya njia ni mahali ambapo vitu viwili vilivyotoka mbali hufikia nukta moja, kisha vikaachana. Mwingiliano wafaa zaidi, kwa kuwa watoa picha ya kundi lililo ndani ya jingine kwa sehemu yake. Hili, hata hivyo, ni shauri la ladha. Si sawa na lile la tu, ambalo ni la kweli na uwongo.

Mambo haya yaliwagusa wanaisimu moja kwa moja. Sensa ya Tanzania ya mwaka 1967 iliuliza kabila, na kabila kwa desturi ya sensa ni moja kwa kila mtu. Makundi yake hayaingiliani, nayo hujumlishwa bila ya hofu. Lugha si hivyo. Joseph Greenberg, katika makala yake ya mwaka 1956 juu ya kupima wingi wa lugha, alipendekeza vipimo vinane. Vya kwanza humpa kila mtu lugha moja tu, au humgawanya mtu wa lugha mbili kana kwamba ni nusu mbili za watu. Cha mwisho huuliza jambo lenye maana kwetu, yaani ikiwa watu wawili watatwaliwa kwa bahati, kuna nafasi gani ya kuwa wana lugha moja angalau ya kuelewana. Kipimo hicho hakiwezekani bila ya kujua sehemu zote za duara. Jumla ya wasemaji wa kila lugha haitoshi, hata zikiwa sahihi kabisa. Uchunguzi mkubwa wa lugha katika nchi tano, uliolipiwa na Ford Foundation, ulitoa vitabu vya Uganda, Kenya, Ethiopia, Zambia na Tanzania. Cha Kenya kilitoka mwaka 1974, miaka miwili baada ya kufa Wilfred Whiteley aliyekihariri, na cha Tanzania mwaka 1980 chini ya Edgar Polomé na C. P. Hill. Anayevisoma leo na afanye kazi moja kabla ya kunukuu: atazame kila jedwali la wasemaji wa lugha mbili na kuuliza kama wale wa lugha tatu wamo ndani.

Tena mchunguzi wa leo asitegemee duara zitamtosha. Akitoka Korogwe akateremka hadi Tanga itambidi aongeze Kidigo, na kwa makundi manne sehemu zinakuwa 16, ambazo duara nne za mviringo haziwezi kuzitoa zote. Venn mwenyewe alilazimika kutumia maumbo ya yai. Njia iliyo rahisi ni kuacha kuchora, na kumwekea kila mtu aliyeulizwa mstari wake katika karatasi yenye safu nne, penye ndiyo au la chini ya kila lugha, na kumwuliza kila lugha kwa swali lake peke yake.